Bajeti ya Serikali Bungeni: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kila ifikapo Juni simu zinaanza: "Bajeti imesomwa, sasa imepita?" "Mbunge wetu kasema ndiyo, mbona barabara haijaja?" Hapa yamekusanywa maswali yanayojirudia zaidi. Majibu yanahusu Bunge la Jamhuri ya Muungano wa Tanzania. Zanzibar na Kenya zina maswali yao mwishoni.

## Mambo ya msingi

Bajeti ni hotuba, ni kitabu au ni sheria?

Ni vyote vitatu, na ndipo watu wanapopotezana. Hotuba ndiyo inayosikika redioni. Hesabu zenyewe zimo kwenye vitabu vinne vya makadirio: cha mapato, cha matumizi ya kawaida ya wizara, cha mikoa na halmashauri, na cha miradi ya maendeleo. Halafu kuna sheria mbili. Sheria ya Kuidhinisha Matumizi ya Serikali ndiyo inayoruhusu fedha zitoke kwenye Mfuko Mkuu wa Hazina. Sheria ya Fedha ndiyo inayogusa mfuko wako: kodi, ada na tozo.

Kwa hiyo mtu akikuambia "bajeti imepita", muulize ni ipi kati ya hizo. Hotuba ya Waziri wa Fedha peke yake haimpi mhasibu yeyote ruhusa ya kutoa hata shilingi kumi.

Mwaka wa fedha unaanza lini?

Tarehe 1 Julai, unakwisha 30 Juni ya mwaka unaofuata. Ndiyo maana huandikwa kwa miaka miwili, mfano 2025/26.

Nani anaiandaa, Serikali au Bunge?

Serikali. Ibara ya 137 ya Katiba inampa Rais jukumu la kuagiza makadirio yatengenezwe na kupelekwa bungeni. Bunge linachambua, linahoji, linashauri, linaidhinisha au linakataa. Kuandika bajeti mpya si kazi yake.

Ibara ya 99 inakaza zaidi: pendekezo la kuanzisha au kupandisha kodi, au la kuongeza matumizi kutoka Mfuko Mkuu, halishughulikiwi na Bunge mpaka lipitie kwa Rais na kuletwa na Waziri. Mbunge anaweza kupendekeza kodi ipungue. Hawezi kusimama na kuagiza zahanati ya kijijini kwao iongezwe shilingi milioni mia. Anachoweza ni kuibana Serikali mpaka iongeze yenyewe. Soma swali la kushika shilingi.

Fungu, kifungu na kasma ni vitu gani?

Ni ngazi za hesabu. Fungu ni la wizara, mkoa au taasisi: Fungu 52 ni Afya, Fungu 46 ni Elimu, Fungu 22 ni Deni la Taifa. Ndani ya fungu kuna vifungu vya idara, na ndani ya kifungu kuna kasma, yaani mstari mmoja mmoja wa matumizi: posho, mafuta, dawa, matengenezo. Ukitaka kubishana na mtu wa serikali kuhusu bajeti, nenda na namba ya fungu na kasma. Mazungumzo yanabadilika hapo hapo.

Bajeti za miaka ya karibuni ni kubwa kiasi gani?

Ya 2023/24 ilikuwa shilingi trilioni 44.39, ya 2024/25 trilioni 49.35, na ya 2025/26 trilioni 56.49. Katika hizo za 2025/26, mapato ya ndani yalikadiriwa trilioni 40.47. Zinazobaki ni mikopo na misaada. Neno la kukumbuka ni "makadirio": ni fedha zinazotarajiwa, haziko kwenye kabati mahali fulani.

## Kabla ya Aprili: miezi ambayo watu hawaiangalii

Safari ya bajeti inaanza lini hasa?

Karibu miezi minane kabla ya hotuba. Katika mkutano wa Novemba Bunge hukaa kama Kamati ya Mipango na kujadili mapendekezo ya Mpango wa Maendeleo wa mwaka unaofuata. Wizara ya Fedha hutoa Mwongozo wa Maandalizi ya Mpango na Bajeti, unaozieleza wizara, mikoa na halmashauri vipaumbele na namna ya kuandaa makadirio. Machi wabunge huonyeshwa ukomo wa bajeti, yaani kila fungu lisivuke wapi, kisha kamati za kisekta, yaani kamati za Bunge zinazosimamia wizara fulani fulani, hutembelea miradi na kuchambua makadirio.

Kwa maoni yangu hapa ndipo bajeti inapoamuliwa. Ukomo ukishawekwa, kila anayetaka nyongeza lazima aseme inatoka kwa nani. Anayesubiri hotuba ya Juni ndipo aanze kulalamika amefika sokoni jioni, wauzaji wanakunja maturubai.

Mwananchi wa kawaida anaingilia wapi?

Sehemu mbili. Ya kwanza ni chini kabisa: mkutano mkuu wa kijiji au mkutano wa mtaa, kisha Kamati ya Maendeleo ya Kata, kisha baraza la madiwani. Vipaumbele vinavyoibuliwa huko ndivyo vinavyopaswa kupanda hadi kwenye bajeti ya halmashauri. Diwani wako ana nguvu zaidi hapa kuliko unavyodhani, na ni rahisi kumpata kuliko mbunge.

Ya pili ni juu: Kamati ya Bunge ya Bajeti hupokea maoni ya wadau kuhusu Muswada wa Sheria ya Fedha. Wenye viwanda, mabenki, kampuni za simu na wafanyabiashara hufika na majedwali yao. Wakulima na mama lishe ni nadra kuwaona. Hawajakatazwa, ila tangazo hutoka leo na kikao ni keshokutwa.

Randama ni nini?

Ni waraka wa maelezo unaoletwa na kila wizara kwenye kamati yake kufafanua makadirio: mwaka jana tuliomba kiasi gani, tulipewa kiasi gani, tulifanya nini, sasa tunaomba nini na kwa ajili gani. Wabunge makini huisoma randama kuliko hotuba. Hotuba ya waziri imeandikwa ipendeze. Randama ina safu ya "kiasi kilichopokelewa".

Kamati ya Bajeti inatofautianaje na kamati nyingine?

Kamati ya kisekta huangalia wizara zake. Kamati ya Bajeti huangalia sura nzima: mapato yatatoka wapi, ukomo umekaaje, na hoja zilizogoma kwenye kamati za kisekta zinaweza kupatiwa fedha namna gani. Iliundwa wakati wa Spika Anne Makinda, na kazi zake baadaye zikaingizwa kwenye Sheria ya Bajeti, Sura ya 439.

## Bungeni Dodoma, Aprili hadi Juni

Kwa nini wizara zinajadiliwa kabla ya hotuba kuu? Si kichwa chini miguu juu?

Zamani ilikuwa kinyume: hotuba ya Waziri wa Fedha ilisomwa Juni, kisha wizara zikajadiliwa hadi Agosti. Mwaka wa fedha ulikuwa umeshaanza, Serikali inatumia fedha kwa idhini ya muda, na wabunge wakitaka kuongeza fungu fulani wanaambiwa kodi zimeshapangwa.

Kuanzia bajeti ya 2013/14 ratiba iligeuzwa. Mkutano wa bajeti sasa unaanza Aprili, wizara zinapita moja moja, na Waziri wa Fedha anasoma hotuba yake katikati ya Juni akiwa ameshasikia kilio cha kila wizara. Lengo ni kumaliza kila kitu kabla ya 30 Juni.

Siku ya wizara bungeni inakwendaje?

Ofisi ya Waziri Mkuu hutangulia, kisha zinafuata nyingine. Waziri anatoa hoja na kusoma hotuba, mwenyekiti wa kamati ya kisekta anasoma maoni ya kamati, na Kambi Rasmi ya Upinzani ikiwepo msemaji wake naye husoma. Wabunge wanachangia, kila mmoja kwa dakika zake. Waziri anajibu.

Baada ya hapo Bunge linageuka kuwa Kamati ya Matumizi. Katibu anasoma fungu, kifungu kwa kifungu, na wabunge wanahojiwa kama wanaafiki. Ukisikiliza redioni utasikia "ndiyo" nyingi zikipita haraka kama abiria wanaohesabiwa kwenye basi. Ikishika kwenye mshahara wa Waziri, ujue kuna mtu amesimama.

"Kushika shilingi" maana yake nini?

Hili ndilo swali ninalolipenda kuliko yote. Katika Kamati ya Matumizi, fungu likifika kwenye mshahara wa Waziri, mbunge anaweza kutaka ufafanuzi wa jambo la kisera: kwa nini korosho hazijalipwa, kwa nini hospitali ya wilaya haina mashine. Asiporidhika na majibu, anatangaza kwamba anashika shilingi, yaani anatoa hoja ya kupunguza shilingi moja kwenye mshahara wa Waziri huyo.

Shilingi yenyewe haina thamani. Nguvu yake ni kwamba Waziri sasa hawezi kupita kimya kimya: hoja inafunguliwa, wabunge wengine wanaruhusiwa kuichangia, na Waziri analazimika kusimama tena, safari hii na ahadi inayoingia kwenye Taarifa Rasmi za Majadiliano ya Bunge. Mara nyingi hadithi inaishia kwa mbunge kurudisha shilingi baada ya kuahidiwa. Akigoma, wanapiga kura, na kwa kawaida anashindwa, kwa kuwa chama kinachotawala kina wabunge wengi na wachache wanapenda kumwaibisha waziri wao.

Kwa hiyo mbunge wako akishika shilingi usimcheke, lakini usiishie kushangilia pia. Andika tarehe na ahadi aliyopewa, kisha mwaka unaofuata muulize imeishia wapi.

Muda ukiisha kabla mafungu hayajakwisha?

Yanapitishwa kwa mkupuo, bila mjadala wa kifungu kwa kifungu. Wizara kubwa huangukia hapa mara kwa mara, maana muda mwingi huishia kwenye mishahara ya mawaziri na shilingi zake.

Kuna wizara iliyowahi kurudishwa na bajeti yake?

Ndiyo. Mfano unaokumbukwa ni Julai 2011, nchi ikiwa kwenye mgao mkali wa umeme. Wabunge, wakiwemo wa chama tawala, waliiwashia moto Wizara ya Nishati na Madini mpaka Waziri Mkuu Mizengo Pinda akaomba wiki tatu ili makadirio yakarekebishwe. Yalirudi Agosti yakapita. Yaani bajeti ya wizara hufa mara chache sana kwa kura. Inaondolewa kwanza mezani na mwenyewe, ikaoshwe irudi.

Siku ya hotuba kuu kunatokea nini?

Asubuhi husomwa hotuba ya hali ya uchumi. Saa 10 jioni Waziri wa Fedha anasoma bajeti yenyewe. Kenya na Uganda nazo husoma siku hiyo hiyo, kwa desturi ya Jumuiya ya Afrika Mashariki, kwa kawaida Alhamisi ya wiki ya pili au ya tatu ya Juni. Ya 2024/25 ilisomwa 13 Juni 2024, ya 2025/26 ikasomwa 12 Juni 2025.

Kura inapigwaje?

Kwa kuita majina. Katibu wa Bunge anamwita mbunge mmoja mmoja, naye anajibu ndiyo, hapana, au kwamba hana uamuzi. Ni zaidi ya watu mia tatu, kwa hiyo inachukua muda, lakini ndiyo siku pekee katika safari nzima ambayo jina la mbunge wako linabaki kando ya jibu lake. Baada ya kura, Muswada wa Sheria ya Kuidhinisha Matumizi unapitishwa hatua zake zote kwa pamoja. Siku chache baadaye unafuata Muswada wa Sheria ya Fedha, nao una mjadala wake.

## Baada ya kura

Kodi mpya zinaanza lini?

Kwa kawaida 1 Julai, Rais akishatia saini Sheria ya Fedha, isipokuwa sheria yenyewe itaje tarehe nyingine. Tozo ya miamala ya simu, kwa mfano, ilipitishwa na Bunge Juni 2021 ikaanza kukatwa 15 Julai. Makelele yalikuwa makubwa kiasi kwamba Septemba mwaka huo ilipunguzwa kwa asilimia 30, na mwaka 2022 ikapunguzwa tena. Wengi walioshtuka Julai hawakujua kwamba mjadala wake ulipita bungeni wiki chache tu nyuma.

Mbona waziri anasema ushuru wa forodha umeamuliwa na mawaziri wa Afrika Mashariki?

Kwa sababu ni kweli. Nchi wanachama zina ushuru wa pamoja kwa bidhaa za kutoka nje ya Jumuiya, na mabadiliko hukubaliwa na mawaziri wa fedha kabla ya siku ya bajeti. Nchi ikitaka kiwango tofauti kwa mchele au sukari, inaomba ruhusa huko. Bunge linasikilizishwa tu.

Bajeti imepita na zahanati yetu imo kwenye kitabu. Mbona haijengwi?

Kutengwa na kutolewa ni vitu viwili. Bunge linaidhinisha kiwango cha juu. Hazina inatoa fedha kidogo kidogo kadiri makusanyo yanavyoingia. Makusanyo yakipungua, au mkopo uliotegemewa ukachelewa, kinachopunguzwa kwanza ni miradi ya maendeleo. Mishahara haisubiri, na deni halisubiri kabisa. Ndiyo maana kwenye randama kuna safu mbili, iliyoidhinishwa na iliyopokelewa, na pengo kati yake ndilo linalokuhusu.

Fuatilia hivi: hakikisha mradi una kasma kwenye kitabu, uliza halmashauri kiasi kilichopokelewa hadi robo ya mwaka iliyopita, kisha uliza kama mkandarasi ameshapatikana. Mara nyingine fedha zimekuja Mei, manunuzi hayajaanza, na Juni inafika.

Fedha zikipungua au dharura ikitokea?

Kuna njia tatu. Kuhamisha fedha ndani ya mipaka ya Sheria ya Bajeti. Kutumia Mfuko wa Matumizi ya Dharura uliotajwa na ibara ya 140. Au kuleta bajeti ya nyongeza, ambayo lazima irudi bungeni.

Nani anakagua kama zilitumika sawasawa?

Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali, chini ya ibara ya 143. Anampa Rais ripoti, na ripoti hiyo lazima iwasilishwe bungeni ndani ya siku saba tangu kuanza kwa kikao kinachofuata. Kwa kawaida huangukia Aprili. Kamati ya Hesabu za Serikali na ile ya Hesabu za Serikali za Mitaa ndizo zinazoichambua. Angalia miaka: ripoti ya Aprili inahusu mwaka wa fedha ulioisha Juni iliyotangulia, huku bajeti mpya ikijadiliwa kwenye ukumbi huo huo.

## Maswali ya pembeni

Bunge likiikataa bajeti nzima?

Ibara ya 90 inampa Rais uwezo wa kulivunja Bunge linalokataa kuidhinisha bajeti iliyopendekezwa na Serikali. Kila mbunge anajua kuvunjwa kwa Bunge ni kurudi jimboni kuomba kura upya. Kisa kinachokaribia hapo ni cha mwaka 1973: wabunge waliukataa muswada wa kodi ya mapato, Mwalimu Nyerere akawaambia yuko tayari kulivunja Bunge, na muswada ukapita.

1 Julai ikifika bila sheria ya matumizi?

Nchi haifungwi. Ibara ya 139 inaruhusu utaratibu wa fedha kutolewa kwa idhini ya Rais kwa muda usiozidi miezi minne, au mpaka sheria ianze kutumika. Mlango huu ulitumika sana enzi za mijadala ya hadi Agosti.

Wabunge wanapigia kura deni la taifa?

Hapana. Deni ni deni: ibara ya 141 inaliweka moja kwa moja kwenye Mfuko Mkuu, kama ilivyo kwa mishahara ya baadhi ya viongozi wa kikatiba. Limo kwenye jumla unayosikia kwenye hotuba, lakini halikatiki kwa kura.

Bunge lenyewe lina bajeti? Nani anaikagua?

Lina Fungu 42, Mfuko wa Bunge. Makadirio yake huandaliwa chini ya Tume ya Utumishi wa Bunge na huwasilishwa pamoja na ya Ofisi ya Waziri Mkuu, kisha hukaguliwa kama mafungu mengine. Aprili 2016 Bunge lilimkabidhi Rais Magufuli shilingi bilioni 6 lilizosema limebana kwenye matumizi yake, zikaelekezwa kwenye madawati. Wapo waliopiga makofi, na wapo waliouliza kamati zilikosa safari zipi za ukaguzi ili zibaki. Mimi nilikuwa upande wa waliouliza.

Zanzibar inahusikaje?

Mambo yasiyo ya Muungano ya Zanzibar yana bajeti yake, inayopitishwa na Baraza la Wawakilishi, Chukwani. Wakati huo huo wabunge kutoka Zanzibar wanapiga kura Dodoma kwenye bajeti yote, ikiwemo ya wizara zinazohudumia Bara peke yake. Ubishi huo ni wa zamani na hauko karibu kwisha.

Kenya muswada wa fedha ulikufa mwaka 2024. Bajeti yao ilikufa?

Hapana, na kisa hiki kinaeleza vizuri tofauti ya zile sheria mbili za swali la kwanza. Wabunge waliupitisha Muswada wa Fedha 25 Juni 2024, siku ambayo waandamanaji waliingia majengo ya Bunge, Nairobi. Siku iliyofuata Rais William Ruto alikataa kuutia saini. Lakini muswada wa matumizi ulitiwa saini siku chache baadaye. Serikali ikawa na ruhusa ya kutumia bila kodi mpya ilizotegemea, ndipo bajeti ya nyongeza ikaja kukata matumizi. Bunge la Kenya pia lina uwezo mpana zaidi wa kuhamisha fedha kati ya mafungu kuliko la Dodoma, kwa hiyo usitumie mfano wa huko kumlaumu mbunge wa huku.

Vitabu na majibu ya wabunge navipata wapi?

Vitabu vya makadirio na hotuba viko kwenye tovuti ya Wizara ya Fedha. Mijadala, neno kwa neno, iko kwenye Taarifa Rasmi katika tovuti ya Bunge. Mafaili ni mazito, kwa hiyo pakua usiku. Tafuta kwanza jina la wilaya yako kwenye kitabu cha nne.